Mpenzi, Hilo Gemu Umelilipia?

Kuna wanawake wanaolalamika kwamba waume zao wamechukuliwa na mpira. Wengine wanasema ni vijiwe, wengine wanasema ni simu. Kwa sisi tuliozaliwa miaka ya 1980 na 1990 yuko mwizi mwingine wa waume, na wa wake pia: gemu. Unamkuta mtu mzima, kazi nzuri anayo, kodi ya nyumba na ada ya mtoto vinamsubiri, lakini saa nne usiku amejikunja kwenye kochi anawinda joka la moto. Ukimsemesha anajibu "mmh", na unajua kabisa kwamba hata hakukusikia.

Ugomvi wa muda kila mtu anaufahamu. Leo naomba tuzungumzie ishu nyingine ambayo wapenzi wengi hawaigusi: hilo gemu limepatikanaje? Limenunuliwa, limeazimwa, au limeshushwa tu bure kwenye intaneti? Usicheke, msomaji. Ishu hii imepeleka watu jela, imewalipisha wengine mamilioni ya dola, na nyumbani kwangu ilizua mjadala mkali kuliko ule wa nani aoshe vyombo.

Nitatumia mfano wa gemu moja ambalo huenda na wewe limeshakukesha: Pokémon.

MAZIMWI YA MFUKONI

Kwa wale ambao hamjawahi kulicheza, jina Pokémon ni kifupi cha maneno yenye maana ya "mazimwi ya mfukoni". Unakuwa kijana anayetoka kijijini kwao akiwa na kiumbe mmoja tu aliyepewa, na safari inaanza. Njiani unakutana na viumbe wengine vichakani, mapangoni na baharini. Unapigana nao, unawachosha kidogo, unawatupia kijimpira, na kama bahati ni yako wanakuwa wa kwako. Kila wakishinda pambano wanapata alama za uzoefu na kupanda ngazi. Wengine hubadilika kabisa: kamjusi kenye moto mkiani unakalea, unakahangaikia, siku moja unashtukia kamekuwa joka lenye mabawa.

Matoleo mawili ya kwanza, Red na Green, yalitoka Japani tarehe 27 Februari 1996 kwa ajili ya Game Boy, ile mashine ndogo ya mkononi ya Nintendo. Yalikuwa na viumbe 151. Leo wamepita 1,000, na nakala za magemu ya Pokémon zilizouzwa duniani zimepita milioni 400. Sasa jiulize, kitu kinachopendwa kiasi hicho kinaachaje kuibiwa?

KIJANA ALIYEPENDA WADUDU

Kabla hatujafika kwenye wizi, tumjue kwanza mwenye mali. Pokémon haikuanzia kwenye ofisi ya vioo yenye wanasheria. Ilianzia kwa Satoshi Tajiri, aliyezaliwa mwaka 1965 na kukulia Machida, pembezoni mwa Tokyo. Utotoni alikuwa mtu wa kukamata wadudu mpaka wenzake wakambandika jina la Daktari Mdudu. Mji ulipopanuka, madimbwi na miti aliyoizoea vikageuka barabara na majengo, na watoto waliokuja nyuma yake hawakuwa tena na pa kukamatia mende na panzi.

Mwaka 1983 alianzisha kijarida cha magemu kiitwacho Game Freak, na mwanzoni alikiandika kwa mkono. Mchoraji Ken Sugimori akajiunga naye, na mwaka 1989 kijarida kikageuka kampuni ya kutengeneza magemu. Wazo la Pokémon lilimjia alipoona waya unaounganisha Game Boy mbili. Wenzake waliona waya wa kushindania. Yeye aliwaza wadudu wanatambaa ndani yake, kutoka mashine ya huyu kwenda mashine ya yule.

Kazi hiyo ilichukua takribani miaka 6. Hela zilikata, baadhi ya wafanyakazi wakaondoka, na kampuni ikakaribia kufa. Wewe uliyewahi kuanzisha kibiashara chako ukakaa miezi mitatu bila faida, unajua ladha yake. Sasa zidisha.

Nimelieleza hili mapema kwa sababu kwenye mabishano ya magemu ya kuiba, neno la kwanza kutoka ni "hao Nintendo wana hela bwana". Ni kweli wanazo. Ila kabla ya hizo hela palikuwa na vijana wachache wenye madeni.

GEMU LA WATU WAWILI

Kuna jambo la Pokémon ambalo kila mwenye mwenzi atalipenda: huwezi kulimaliza peke yako. Tangu mwanzo lilitolewa kwa matoleo mawili, na kila toleo linakosa baadhi ya viumbe. Aliyenunua Red lazima amtafute mwenye Green wabadilishane. Wapo viumbe ambao hawabadiliki umbo mpaka uwatoe kwa mtu mwingine. Tajiri alitaka watu wakae pamoja, kama watoto wanaobadilishana mende.

Mimi na mume wangu tulilianza kipindi cha uchumba. Binamu yake alirudi kutoka Uingereza na mashine mbili za Nintendo DS alizozinunua mitumba, kila moja na kaseti yake. Yeye akachukua HeartGold, mimi nikabaki na SoulSilver. Badala ya kwenda kutumia hela ambazo hatukuwa nazo, tulikuwa tunakaa barazani kwa shangazi yangu na soda mbili, tunabadilishana mazimwi. Kama kuna mwanamume aliyewahi kukupa kiumbe aliyemlea kwa wiki tatu, halafu hakukuomba kitu, dada yangu, muangalie vizuri huyo.

Miaka ikaenda, tukaoana. Siku moja kwenye daladala vibaka wakafungua begi lake, DS ikaondoka na HeartGold ndani. Alinyamaza siku mbili. Mwaka jana nikamkuta anaicheza tena HeartGold, safari hii kwenye simu. Ameishusha bure, pamoja na programu inayoifanya simu ijifanye DS. Nikauliza kwa upole tu: "Baba, hilo gemu umelilipia?"

Hapo ndipo moto ulipowaka.

TULIVYOLELEWA NA FEKI

Kabla hujaniona mnoko, nikumbushe tulikotoka. Wengi wetu Nintendo ya kwanza kuishika haikuwa Nintendo. Ilikuwa ile "TV gemu" ya bei poa iliyokuja kutoka Asia, na kaseti zake za njano zilizoandikwa kwamba ndani kuna magemu mamilioni, ukifungua unakuta ishirini yanajirudia. Mashine ile ilinakiliwa kutoka Famicom, ambayo Nintendo waliitoa Japani mwaka 1983. Sisi tulijua tu ni gemu. Baadaye zikaja PlayStation za kwenye vibanda, nyingi zimechipiwa, na CD za kuchoma zinauzwa kando ya barabara karibu na karanga.

Hatukuwa peke yetu. Duniani kote kuna vizazi vilivyolijua gemu kwa njia hiyo kwa sababu njia halali haikuwafikia, au ilifika na bei isiyosemeka. Pokémon Scarlet na Violet zilipotoka Novemba 2022 ziliuzwa dola 60 za Marekani kwa nakala moja, karibu laki moja na nusu ya kwetu. Kwa kijana wa Chicago hiyo ni kazi ya siku moja hivi. Kwa kijana wa Mbagala anayelipwa kima cha chini ni sehemu kubwa ya mshahara wa mwezi. Anayezungumzia wizi wa magemu bila kuitaja bei amesema nusu ya ukweli.

GEMU LILILOLIPIZA KISASI

Watengenezaji nao hawakukaa kimya, na baadhi ya mbinu zao zinachekesha. Mwaka 1995 Nintendo walitoa Marekani gemu liitwalo EarthBound. Likigundua kwamba ni la kunakiliwa, linaachia maadui wengi kupita kiasi. Ukivumilia mpaka pambano la mwisho, linaganda na kufuta kila ulichohifadhi. Masaa yako yote, kwisha habari.

Pokémon walikuja na lao. Miaka ile ya DS kulikuwa na kikadi maarufu kilichoitwa R4. Unakichomeka mahali pa kaseti, unakijaza magemu ya kushusha, unacheza bure. Nintendo na kampuni nyingine 54 walikwenda mahakamani, na Februari 2009 Mahakama ya Wilaya ya Tokyo ikazuia vikadi vya aina hiyo kuuzwa Japani. Julai 2010 Mahakama Kuu ya Uingereza nayo ikasema ni haramu. Mwezi Septemba mwaka huohuo Pokémon Black na White zikatoka Japani zikiwa na mtego ndani: kwenye nakala ya wizi, viumbe wako hawapati alama za uzoefu. Unapigana, unashinda, unapigana tena, lakini kiumbe wako yuko palepale. Hakui.

Hebu fikiria. Gemu zima ni la kulea, halafu unachokilea kinakataa kukua. Wajanja walitafuta dawa na wakaipata haraka, maana wajanja hawakosekani. Lakini mimi naona mtego ule ulikuwa na ujumbe mzuri kuliko faini.

KESI ZISIZO ZA KUCHEKESHA

Kuna kesi ambazo hazikuisha kwa utani. Februari 2022 mahakama ya Seattle ilimfunga miezi 40 raia mmoja wa Kanada, mmoja wa kundi la Team Xecuter lililouza vifaa vya kuchipia mashine za Nintendo. Katika kesi ya jinai alitakiwa kuwalipa Nintendo dola milioni 4.5, na katika kesi ya madai akakubali nyingine milioni 10. Machi 2024 waliotengeneza Yuzu, programu ya kuchezea magemu ya Nintendo Switch kwenye kompyuta, walikubali kulipa dola milioni 2.4 na kufunga virago. Nintendo walidai kwamba gemu lao moja la mwaka 2023 lilivuja na kushushwa zaidi ya mara milioni moja kabla hata ya siku ya kutoka.

Lakini sheria siyo nyeupe na nyeusi kama tunavyoambiwa. Programu inayoiga mashine ni kitu kimoja, gemu la kunakili ni kitu kingine. Mwaka 2000 Sony walishindwa kwenye mahakama ya rufaa Marekani dhidi ya Connectix, kampuni iliyotengeneza programu ya kuchezea magemu ya PlayStation kwenye kompyuta. Kwa hiyo simu inayojifanya DS si lazima iwe na kosa. Kosa linakuja kwenye gemu unalolitia humo.

Na kwetu je? Tanzania tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na programu za kompyuta zimo kwenye kazi zinazolindwa. Tusijidanganye kwamba hayo ni mambo ya Wazungu na Wajapani.

KADI YA HARUSI

Turudi sebuleni kwangu. Mume wangu ni mbunifu wa michoro. Mchana ameajiriwa, usiku anatengeneza kadi za harusi, send-off na kipaimara. Mwaka juzi alitengeneza kadi moja nzuri mno, yenye nakshi kama za milango ya Zanzibar. Alikesha nayo siku nne. Miezi miwili baadaye tukaalikwa harusi ya watu tusiohusiana nao kabisa, na kadi tuliyoletewa ilikuwa ileile. Majina tu ndiyo yalikuwa tofauti. Duka fulani la uchapaji lilikuwa limeichukua na kuiuza kwa watu kama mali yake.

Alipowafuata walimjibu: "Kaka, kwani ile yako imepungua nini? Si bado unayo kwenye kompyuta?"

Sasa wewe msomaji unaona mbele. Nilipouliza habari ya HeartGold, alinijibu nini? "Mke wangu, kwani Nintendo wamepungukiwa nini? Gemu lao si bado wanalo?"

Sikusema kitu. Nilikwenda kabatini nikaitoa ile kadi nikaiweka mezani.

Alinyamaza kidogo, halafu akajitetea, na lazima nikiri kwamba alikuwa na hoja tatu nzito. Ya kwanza: gemu lile alikuwa nalo, likaibiwa, hivyo anarudisha kilicho chake. Ya pili: hata akitaka kulipa, amlipe nani? HeartGold ilitoka Japani mwaka 2009 na nchi nyingine mwaka 2010, kwa kaseti tu, na kaseti mpya hazitengenezwi tena. Zilizobaki ni mitumba, nyingine bei imepanda kupita ile ya dukani wakati ule, na hela yote inakwenda kwa muuzaji. Tajiri na Sugimori hawaoni hata senti. Ya tatu: kadi yake ilikuwa inauzwa. Aliyeichukua alimnyang'anya wateja. Yeye anamnyang'anya mteja gani Nintendo kwa kitu ambacho hawakiuzi?

MLANGO ULIOFUNGWA

Hoja ya pili ina uzito mkubwa kuliko wengi wanavyofikiri. Red, Blue na Yellow zilirudishwa sokoni Februari 2016, unazinunua na kuzishusha kihalali kwenye mashine ya Nintendo 3DS. Tarehe 27 Machi 2023 Nintendo wakafunga mauzo kwenye duka hilo la mtandaoni, na mlango huo ukafungwa. Miezi michache baadaye, Julai 2023, taasisi ya Marekani iitwayo Video Game History Foundation ilitoa utafiti uliosema kwamba asilimia 87 ya magemu yaliyotoka nchini humo kabla ya mwaka 2010 hayapatikani tena sokoni. Karibu tisa kati ya kila kumi! Maktaba ziliomba ruhusa ya kuwawezesha watafiti kuyatumia magemu hayo wakiwa mbali, na Oktoba 2024 ofisi ya hakimiliki ya Marekani ikakataa.

Wapo pia wanaoadhibiwa kwa mapenzi. Mwaka 2016 mashabiki walitoa Pokémon Uranium, gemu walilolitengeneza wenyewe kwa takribani miaka 9 na kuligawa bure. Lilishushwa zaidi ya mara milioni moja na nusu ndani ya siku chache, kisha barua za wanasheria zikafika na wakaliondoa. Kisheria walikuwa wanatumia viumbe wa watu. Ila huwezi kuwaweka kapu moja na yule anayechoma CD mia tano akauze.

Kwa hiyo kelele zote mbili zina ukweli ndani. Wanaosema "wizi ni wizi" wanasahau kwamba mwenye mali anaweza kufunga duka na kukaa juu ya funguo. Wanaosema "mali ya tajiri haina shida" wanasahau kwamba mnyororo hauishii kwa tajiri. Waulize wasanii wetu wa Bongo Fleva na waigizaji wa filamu. Nyimbo na sinema zao zilichomwa mitaani mpaka mwaka 2013 Serikali ikaanza kubandika stempu za kodi za TRA kwenye CD na DVD. Wengi wao hawakuwa na bilioni wala milioni. Mkono uliozoea kuchukua bure kutoka Tokyo haujui kusimama ukifika Sinza.

FEKI INAKULA HATA ANAYELIPA

Kuna kundi moja ambalo mabishano haya yanalisahau: wanaotoa hela yao halali wakauziwa feki. Kwa sababu kaseti za zamani za Pokémon zina bei, soko limejaa za bandia. Rafiki yangu mmoja aliagiza HeartGold kama zawadi ya ndoa kutimiza mwaka. Ikaja na boksi lake linang'aa, mumewe akafurahi. Baada ya mwezi kila alichohifadhi kikafutika. Kumbe dalili ilikuwa wazi tangu siku ya kwanza. Kaseti halisi za HeartGold na SoulSilver ni nyeusi, kwa sababu ndani zina kifaa cha mwanga usioonekana kinachowasiliana na kipima hatua kilichouzwa pamoja na gemu. Yake ilikuwa ya kijivu. Alilipa bei ya halali, akapewa kitu cha wizi, na kumlilia aliyemuuzia haikuwezekana maana alishatoweka.

TULIPOFIKIA

Mjadala wetu ulichukua wiki nzima, na uliongezewa chumvi na shemeji mmoja, rafiki wa mume wangu, aliyekuja na dili. Tulikuwa tunadunduliza kununua Nintendo Switch. Shemeji akasema atatuchipia kwa bei ya kishkaji, na magemu yote ya Pokémon tutakuwa nayo bure maisha yetu yote. Kusema kweli ilikuwa inavutia. Ukipiga hesabu za kodi ya nyumba, "bure" ni neno tamu sana.

Lakini hapa hoja zote tatu za mume wangu zilikuwa hazina miguu. Scarlet na Violet ziko sokoni. Hatukuwahi kuwa nazo wala kuibiwa. Na tukizichukua bure, Nintendo wamepoteza wateja wawili ambao wangelipa, maana tulikuwa na uwezo wa kulipa tukivumilia. Tena mashine iliyochipiwa ikigunduliwa Nintendo huifungia isiingie kwenye mtandao wao, na gemu la kubadilishana viumbe bila mtandao ni kama simu isiyo na laini.

Mume wangu ndiye aliyemjibu shemeji, na wala sikumfundisha: "Kaka, nikikubali hii, wale jamaa wa kadi nitawaambia nini?" Shemeji alicheka, akanywa chai yake, akaondoka bila dili.

Tulidunduliza miezi mingine mitatu. Tukanunua mashine moja na Scarlet moja, kila mtu ana akaunti yake na zamu yake. Ndiyo, tunagombania zamu. Ila gemu lipo kabatini, ni letu, na tukilichoka tunaweza kumuuzia au kumuazima mtu bila kuangalia nyuma.

Na ile HeartGold ya kwenye simu? Hapo hatujakubaliana mpaka leo. Yeye anasema alichoibiwa na vibaka amekirudisha. Mimi nasema sheria haimpi ruhusa hiyo, na hasira yake angeipeleka kwa wanaokataa kuliuza tena. Kitu kimoja tumekubaliana: hamgawii mtu, hauzi, na siku likirudi sokoni kihalali atatoa hela mfukoni mwake. Ndoa siyo lazima mkubaliane kila kitu, bali kila mtu ajue mwenzake amesimama wapi.

MAMBO 5 YA KUKUBALIANA NA MWENZI WAKO

1. Ulizeni kwanza kama linauzwa. Kama gemu lipo sokoni na mnaweza kulipata mkijibana, lipieni. Hoja ya "hawaliuzi tena" haihusu gemu lililotoka juzi.

2. Tengeni bajeti ya burudani. Hata elfu kumi kwa wiki inafika mahali. Ukiweka hela pembeni kwa ajili ya gemu, mwenzako hatashtukia hela ya umeme imeliwa na mazimwi.

3. Tumieni njia halali za bei nafuu. Kaseti ya mtumba ni halali. Kuazimana na marafiki ni halali. Kusubiri bei ishuke ni halali. Pokémon GO iliyotoka mwaka 2016 inachezwa bure kwenye simu, na inakutoa nje kutembea. Mnaweza kwenda wote wawili jioni, mkapata na mishkaki.

4. Chunguzeni kabla ya kutoa hela. Kaseti mpya kabisa ya gemu la miaka 15 iliyopita, kwa bei ya kutupa? Hapo pana feki. Ombeni picha ya mbele na ya nyuma, na mlipe baada ya kuijaribu.

5. Msiwafundishe watoto kwamba cha kwenye kompyuta hakina mwenyewe. Kesho mtoto huyo ndiye atakuwa mwanamuziki, mbunifu, au mwandishi wa programu, na atahitaji watu waliofundishwa kulipa.

Usiku wa leo, ukimkuta mwenzako amejikunja kwenye kochi na ile "mmh" yake, usianze na "utalala saa ngapi". Kaa pembeni yake, muulize anamlea nani na amefika ngazi ya ngapi. Akishakuelezea mpaka macho yamng'ae, ndipo umuulize lile swali. Huenda mkakesha, lakini angalau mtakuwa mnaongea.